Bega la Kushoto

Mwanamke aliyekuja kumtafuta Tusekile siku ya Jumatano alikuwa amepata alama kumi na moja kati ya mia. Aliitaja namba hiyo kabla hata ya kutaja jina lake, akiwa amesimama mlangoni mwa ukumbi wa shule, viatu mkononi kwa sababu aliona sakafu imetoka kupigwa deki.

"Kumi na moja," alisema. "Wao wanataka sitini. Wewe ndiye hasira?"

Tusekile alikuwa akifundisha darasa la sita kucheza. Aliwaruhusu wanafunzi watoke, akazima muziki, akavuta benchi.

"Shikamoo, mama. Karibu ukae. Hasira gani?"

"Marahaba. Wameniambia mashine ile imefundishwa kwa mwili wa mtu mmoja, mcheza ngoma wa Mbeya, anaitwa Tusekile. Nikashangaa. Kwetu jina hilo maana yake tumefurahi." Hakutabasamu. "Nimekuja kumwona huyo mtu aliyenishinda kukasirika."

Jina lake Atuganile. Alitoka Lupando, mji mdogo mlimani ambako mvuke wa chini ya ardhi huvutwa kwa mabomba ili kuzalisha umeme. Mwanawe wa pekee, Lwitiko, alikuwa fundi wa mabomba hayo. Mwezi wa tatu, saa nne asubuhi, bomba lilipasuka akiwa pembeni yake. Kampuni iliandika kwamba marehemu alifungua koki mwenyewe, na kwamba alikuwa amelewa.

"Lwitiko hakuwa anakunywa hata soda," alisema Atuganile. "Soda ilikuwa inamchoma tumbo."

"Hakuna aliyeona?"

"Yupo. Anyosisye, fundi mwenzake, alikuwa naye. Alisikia kwenye redio ya upepo msimamizi akiamuru koki ifunguliwe. Lakini unajua mwenyewe, maneno hayapokelewi."

Tusekile alijua. Kila mtu alijua. Ulifika wakati ambapo simu yoyote iliweza kutengeneza sauti ya mtu, sura yake, mwandiko na saini yake. Mahakama zikajaa mashahidi ambao hawakuwahi kuzaliwa. Mabaraza ya fidia yakachoka, ikatungwa sheria: mlalamikaji hatasema lolote wala kuleta karatasi. Ataingia peke yake kwenye chumba cha vioo, atasimama juu ya mkeka unaopima uzito wa nyayo, kamera nane zitamtazama, na kwa dakika tatu atauachia mwili useme ulichotendewa. Mashine iitwayo Mizani itasoma viungo, pumzi na sauti yoyote isiyo neno, kisha itoe alama. Mwili, walisema, hauwezi kughushiwa.

"Nionyeshe ulichofanya humo ndani," alisema Tusekile.

Atuganile aliinuka, akaviweka viatu chini, vikiwa vimelingana. Akasimama katikati ya ukumbi, mikono ameikunja tumboni, macho mbele. Hakusogea. Tusekile alisubiri dakika nzima ndipo akaanza kuona. Vidole vya mikono ile vilikuwa vimebanana hadi kucha zimekuwa nyeupe. Mshipa wa shingo ulikuwa ukipiga. Vinyweleo vilimsimama Tusekile mikononi, na hata bila kufikiri akarudi nyuma hatua moja.

"Basi, mama," alisema. "Basi. Nimeona."

"Mashine haikuona. Iliandika kwamba nimetulia." Atuganile aliokota viatu vyake. "Nimebakiwa na nafasi moja. Jumatatu. Nikishindwa, mwanangu ataandikwa mlevi moja kwa moja. Nifundishe."

*

Walifika Lupando siku ya Ijumaa. Mlio wa mabomba ulisikika tangu stendi, kama sufuria kubwa isiyoacha kuchemka. Nje ya jengo la Baraza kulikuwa na vibanda sita vya turubai, na kila kimoja kilikuwa na mwalimu wa hasira.

Tusekile alikuwa amesikia habari zao lakini hakuwahi kuwaona. Mwalimu wa kibanda cha kwanza, mwanamume mwenye suti ya michezo na filimbi shingoni, alikuwa amewapanga watu saba mstari. Mmoja wao alikuwa bibi wa miaka sabini hivi, kitenge amekifunga kifuani.

"Piga mguu! Vuta pumzi! Bega la kushoto lishuke, lirudi! Sauti sasa!"

Watu saba wakashusha mabega ya kushoto, wakayarudisha kwa kujikunja, wakatoa mguno mmoja wa kooni. Mguno ule ulikuwa wa Tusekile. Hata namna ya kukata pumzi katikati ilikuwa yake.

"Nani amekufundisha hilo bega?" alimuuliza mwalimu.

"Bega ndiyo lenyewe, dada. Mtu mwenye uchungu wa kweli, bega la kushoto linashuka hivi. Ni sayansi. Mizani inalipa bega kuliko kitu kingine chochote."

"Huyu bibi ataumia. Mwache apumzike."

"Dada, kama umekuja kujifunza, panga mstari. Haya, jaribu nikuone."

Tusekile, kwa hasira tu, alilishusha bega na kulirudisha. Mwalimu alitikisa kichwa kwa huruma.

"Bado hujaipata. Wewe unafikiria sana. Rudi kesho."

Atuganile alimshika mkono akamwondoa pale kabla hajajibu.

Mzee aliyekuwa amesimama ng'ambo ya barabara aliwaita. Aliitwa Gwamaka. Alikuwa jirani wa Atuganile zamani, walipokuwa wote wakiishi bondeni, hatua mia mbili kutoka kwenye bomba kuu. Mkewe, Subilaga, aliunguzwa na mvuke akiwa anaanika mahindi. Gwamaka aliingia chumba cha vioo akatoka na alama sitini na nne, na Baraza likaamuru ahamishiwe juu, kwenye nyumba mpya za matofali. Familia arobaini na tatu zilikuwa zimehamishwa hivyo, kila moja kwa alama zake.

Aliposikia mgeni ni nani, mzee yule alimshika Tusekile mikono yote miwili.

"Ndaga! Asante sana, mwanangu. Bega lako limetutoa kwenye moto."

Aliwapeleka kwake, akawapikia chai mwenyewe, akaweka viazi mezani. Wajukuu wake wanne walikuwa wakikimbizana uani. Tusekile aliishika chai yake bila kuinywa.

"Baba, kuna kitu nataka mkijue nyote wawili," alisema. "Kabla sijamfundisha mama."

Akawaeleza. Miaka kumi na tisa iliyopita, akiwa binti wa miaka ishirini na sita, yeye na rafiki yake mwenye kamera walikodi ghala Dar es Salaam ili kutengeneza video zisizo na maneno hata moja. Walitaka kujua kama furaha, woga, wivu na hasira vinaweza kumfikia mtu kwa mwili na mlio peke yake. Ya woga aliicheza ndani ya pipa. Ya hasira aliicheza na bati. Alilipiga bati lile kwa miguu, kwa viganja, kwa mgongo, na rafiki yake akinasa pumzi zake kwa kinasa sauti kilichobandikwa kifuani.

"Dakika ya tisa nilijirusha kwenye bati vibaya. Bega la kushoto likachomoka. Ule mguno ni maumivu ya bega. Kule kujikunja ni mimi najaribu kulirudisha mahali pake. Sikuacha kucheza kwa sababu kamera ilikuwa inakwenda, na nilikuwa mjinga."

Tusekile aliiweka chai mezani.

"Watu walipoiona walilia. Walisema hawajawahi kuona hasira kama ile. Baadaye wakaja watafiti, wakaniomba ruhusa ya kuifundishia mashine. Nikaweka saini. Waliandika juu yake: hasira halisi ya mtu aliyedhulumiwa. Mimi siku ile sikuwa nimedhulumiwa na mtu. Tulikuwa tumekula chipsi, tumecheka, tukaingia kazini."

"Na hukuwaambia," alisema Atuganile.

"Nilikuwa nasifiwa. Kila nikitaka kusema, mtu ananisifu tena. Halafu ikawa sheria, nikaogopa."

Gwamaka aliweka kikombe chake chini polepole. "Mwanangu, umemwambia nani mwingine?"

"Ninyi tu."

"Basi iishie hapa. Mfundishe mama huyu bega, apate sitini zake, uende nyumbani. Kampuni inatafuta sababu ya kuzifuta hukumu zetu zote. Wakili wao anakaa humo barazani kila siku akisubiri mtu ateleze. Ukilisema hili, wametushika."

"Najua, baba."

"Hujui. Hulali karibu na lile bomba." Alinyoosha kidole uani. "Hesabu wale watoto."

*

Jumamosi walifanya mazoezi sebuleni kwa Gwamaka, kwa kipimo kidogo cha kuiga Mizani kilichoazimwa kibandani. Atuganile alikuwa mwepesi kujifunza kuliko mwanafunzi yeyote ambaye Tusekile aliwahi kuwa naye. Kufikia mchana alipata arobaini. Saa tisa alipata hamsini na nane. Tusekile alisimama nyuma yake, akaushika mkono wake wa kushoto, akaushusha, akamwambia akate pumzi hapo hapo.

Sabini na moja.

Gwamaka alipiga makofi. Atuganile alitazama namba kwenye kioo, kisha akatoka mbio hadi uani akatapika kwenye ua wa mabingobingo.

Tusekile alimfuata na maji. Atuganile alisukutua, akajifuta kwa upande wa kitenge.

"Wakati natoa ule mguno, sikumwona Lwitiko," alisema. "Nilikuwa nakuona wewe na bati lako. Nikimlilia mwanangu kwa bega lako, huyo nitakayekuwa nimemlilia ni nani?"

"Mama, ni dakika tatu tu. Halafu jina lake linasafishwa."

"Wewe unataka nifanye?"

Tusekile alifungua mdomo aseme ndiyo. Aliwasikia wajukuu wa Gwamaka wakigombania mpira nyuma ya nyumba. Hapo hasira ikampanda, ya kweli, ya kwanza kwa miaka mingi, na hakujua aielekeze wapi. Alimkasirikia mtafiti aliyeandika yale maneno. Aliikasirikia kampuni iliyomwita maiti mlevi. Lakini iliporudi na kutulia, ilitua juu ya binti wa miaka ishirini na sita aliyesimama mbele ya watu wanaolia, akiinama kupokea sifa huku bega lake limefungwa bandeji chini ya gauni.

"Sitaki," alisema. "Lakini naogopa kukushauri vingine."

"Basi usinishauri," alisema Atuganile. "Niache niingie nilivyo."

*

Jumatatu ukumbi wa Baraza ulijaa. Mwenyekiti, Bi Mhoja, aliketi kati ya wajumbe wawili. Kushoto alikaa wakili wa kampuni, Bwana Temba, na mbele ya wote kilisimama chumba cha vioo, namba kubwa nyekundu juu yake. Mlalamikaji aliruhusiwa msindikizaji mmoja wa kumfikisha mlangoni. Atuganile alimtaja Tusekile.

Dakika tatu. Atuganile alisimama kama alivyosimama kwenye ukumbi wa shule. Watu waliokuwa wakinong'ona waliacha. Mama mmoja mstari wa mbele alijifunika uso kwa khanga. Mjumbe wa kulia wa Baraza alishusha macho, hakuweza kuendelea kumtazama.

Namba ikatulia: tisa.

"Mlalamikaji hana malalamiko ya kweli," alisoma msajili. "Kumbukumbu ya marehemu itabaki..."

Tusekile alikuwa bado ameshika kitasa cha mlango. Atuganile alipotoka, yeye aliingia.

"Wewe! Msindikizaji haruhusiwi!" alipaza sauti msajili.

Mizani haikujua nani anaruhusiwa. Ilimwona mtu juu ya mkeka ikaanza kuhesabu. Na Tusekile, ambaye maisha yake yote aliujua mwili wake kama fundi anavyojua zana zake, hakuupanga. Machozi yalikuja. Alizunguka mara mbili kama mtu aliyesahau alichofuata chumbani. Akakaa chini, akainuka. Akapiga paja lake mwenyewe kwa ngumi, tena na tena, kwa nguvu ndogo, akitoa sauti nyembamba kama ya mtoto anayekatazwa kulia. Hakuwahi kuwa na hasira kama ile, na haikufanana na kitu chochote alichokuwa amewahi kucheza.

"Mtoeni huyo," alisema Bwana Temba.

"Mwacheni," alisema Bi Mhoja. Alikuwa akitazama namba.

Kumi na nne.

Tusekile alifuta uso kwa kiganja. Akaitazama kamera iliyokuwa juu yake. Halafu, bila haraka, akapiga mguu, akavuta pumzi, akalishusha bega la kushoto, akalirudisha kwa kujikunja, akatoa mguno wa kooni na kuukata katikati. Alipofanya hivyo alikuwa akiwaza kama alifunga dirisha la jikoni kabla ya kusafiri.

Tisini na saba.

Alifungua mlango wa vioo.

"Mheshimiwa, hiyo mashine ilifundishwa kwa mwili wangu," alisema. "Ya kwanza ndiyo hasira yangu. Ya pili ni bega lililochomoka. Siku waliponirekodi sikuwa na hasira na mtu yeyote. Nimelijua hilo miaka kumi na tisa, na nimenyamaza. Huyu mama mmemwita mwongo kwa sababu bega lake halikuchomoka."

Ukumbi ulilipuka. Wengine walisimama juu ya viti. Kabla msajili hajaweza kuwatuliza, Bwana Temba alikuwa tayari ameinuka, koti amelifunga vizuri, sauti yake laini.

"Mheshimiwa Mwenyekiti, kwa maelezo haya, kampuni inaomba hukumu zote arobaini na tatu zilizotolewa kwa kipimo hiki zitenguliwe leo hii."

"Muuaji wewe!" Tusekile alimgeukia. "Mlimwita mtoto wa watu mlevi mkijua! Kwenye kesi hii hamjawahi kusimama mbele ya mashine hata siku moja. Ingia wewe! Ingia tukuone!"

Askari wawili walimshika. Alipokuwa akivutwa kuelekea mlangoni alimwona Gwamaka katikati ya umati, kofia mkononi. Mzee hakupiga kelele kama wengine. Alimtazama tu mpaka mlango ulipofungwa.

*

Kwa mamlaka ya kiti chake, Bi Mhoja alizima Mizani mchana ule ule, na kwa mara ya kwanza tangu sheria ile ipite, Baraza la Lupando likasikiliza maneno. Atuganile alizungumza saa nzima. Alisema jinsi Lwitiko alivyokuwa akivaa, alivyokuwa akila, alichomwambia asubuhi ya mwisho, na namna walivyomletea mwili ukiwa umeviringishwa kwenye turubai lenye nembo ya kampuni. Anyosisye aliitwa. Alihojiwa na Bwana Temba hadi jasho likamlowesha shati, lakini hakubadili hata neno moja. Baada ya wiki tatu kumbukumbu ya Lwitiko ilisahihishwa: aliuawa na mvuke wa koki iliyofunguliwa kwa amri ya msimamizi wake.

Ombi la kampuni nalo lilipita. Bi Mhoja alisema sheria haimpi njia nyingine. Kesi arobaini na tatu zikafunguliwa upya, safari hii kwa mashahidi. Tusekile aliacha kazi shuleni. Alipanga chumba Lupando, akazunguka nyumba hadi nyumba akitafuta nani aliona nini na yuko wapi sasa. Milango mingine alifungiwa usoni. Kuna mama alimmwagia maji ya vyombo. Alirudi kesho yake akagonga tena, na Atuganile akiwa pamoja naye.

Familia thelathini na saba zilishinda tena. Sita zilishindwa. Mkewe Gwamaka alikuwa peke yake siku ile alipoanika mahindi. Hakukuwa na aliyeona, na mzee hakuweza kusema zaidi ya kwamba alimkuta. Alipewa siku thelathini kurudi bondeni.

Siku ya kuhama Tusekile alifika asubuhi. Mkokoteni ulikuwa mlangoni, umejaa magunia na masufuria. Wajukuu walikaa ukingoni mwa baraza, wamevaa nguo za kanisani. Gwamaka alitoka akiwa amebeba kiti, akamwona, akakiweka chini.

"Umekuja kutazama?"

"Nimekuja kubeba, baba."

"Usiniite baba." Alipumua kwa nguvu. Akaingiza mikono mifukoni. "Nikuulize kitu. Ungejua kwamba nitakayeshindwa ni mimi, na hawa watoto, ungesema vile ulivyosema?"

Tusekile alikuwa amejiuliza swali hilo kila siku tangu Baraza, na kila siku alikuwa amejidanganya kwa jibu tofauti. Mbele ya uso ule hakuweza.

"Ningesema," alijibu.

Mzee alimwinulia mkono. Watoto wakasimama. Mkono ulibaki hewani kwa muda mrefu, kisha ukashuka wenyewe.

"Basi usije ukaniomba msamaha," alisema Gwamaka. "Wala leo, wala siku nitakayokuwa nakufa."

"Sikuja kuomba. Nakata rufaa yako. Nitamtafuta mtu aliyekuwa kwenye koki siku ile, hata akiwa amehama nchi."

"Hilo sijakuuliza."

Aliingia ndani. Tusekile alibaki uani, watoto wakimtazama, mpaka sauti ya mzee iliposikika kutoka chumbani, kavu, bila jina la mtu.

"Kitanda hiki ni kizito. Shika upande wa miguuni."